Lugha ya Adui: Tafakuri ya Mwanaisimu Kuhusu Michezo ya Bunduki ya Kompyuta

1. Utangulizi

Makala haya ni tafakuri ya mtu mmoja, si taarifa ya utafiti. Hayana sampuli wala majedwali, na hayakusudii kujenga nadharia mpya. Yanahusu jambo ambalo kwa kawaida halipewi nafasi katika majarida ya isimu na fasihi, yaani michezo ya kompyuta ambayo ndani yake mchezaji hushika bunduki, akapita katika njia za ngome au za pango, akawaua maadui mmoja baada ya mwingine hadi afike mwisho. Michezo ya aina hiyo niliicheza nilipokuwa mwanafunzi wa chuo kikuu katikati ya miaka ya 1990. Kisha nikaiacha kwa muda wa karibu miaka thelathini, nikairudia hivi karibuni nilipokuwa likizo Michenga, kandokando ya mji wa Ifakara, katika bonde la Kilombero.

Mtu anapokirudia kitu baada ya muda mrefu, hutafuta kwanza kilichobadilika. Michezo hii yenyewe haijabadilika hata chembe. Picha zake ni zilezile za vipande vya mraba, na adui husimama palepale alipowekwa siku mchezo ulipotolewa. Kilichobadilika ni sikio la msikilizaji. Mtu aliyefundisha semantiki kwa miaka mingi hawezi tena kupitwa na neno bila kuliuliza maana yake. Kwa hiyo swali la makala haya ni hili: adui katika michezo ya bunduki husema lugha gani, na huisema ili asikiwe na nani? Swali hili kwa juu juu laonekana kuwa la kitoto. Hata hivyo, nitajaribu kuonyesha kwamba linagusa hadhi ya Kiswahili katika ulimwengu wa kompyuta, na pia linagusa historia ya bonde hili.

2. Kompyuta Ilivyotufikia

Inafaa ikumbukwe kwamba kompyuta ilichelewa kutufikia. Mwaka 1974 Serikali ya Tanzania ilipiga marufuku uingizaji wa kompyuta nchini, na ingawa marufuku hayo yalikuja kulegezwa, mashine hizo ziliendelea kuwa adimu. Televisheni nayo ilianza kuonekana Tanzania Bara mwaka 1994 tu, miaka mingi baada ya Zanzibar. Basi kizazi changu kilikutana na televisheni na kompyuta karibu wakati mmoja, tena kikiwa tayari ni cha watu wazima. Mchezo wa kwanza niliouona ulikuja katika disketi iliyopita mikononi mwa wanafunzi wengi kabla ya kunifikia, na tuliucheza jioni katika ofisi iliyokuwa na kompyuta moja tu, tukipokezana zamu.

Huko Michenga hali ni nyingine. Mpwa wangu ana duka dogo la kutoa nakala, kuchapa barua, kupiga picha za pasipoti na kuingiza nyimbo kwenye simu. Kompyuta yake ilinunuliwa ikiwa imekwisha tumika, na ndani yake ilikuja na michezo ya zamani ambayo aliyeiuza hakujali kuifuta. Wateja wakipungua jioni, vijana hukusanyika dukani. Hao ndio walionialika. “Mjomba,” aliniambia mpwa wangu, “hii ni ya enzi zenu.” Ulikuwa ni Wolfenstein 3D.

3. Adui Asemaye Kijerumani

Wolfenstein 3D ulitolewa mwezi Mei mwaka 1992 na kampuni ya Kimarekani ya id Software. Mchezaji ni askari wa Kimarekani aliyefungwa na Manazi katika ngome, naye hana budi kujitoa humo kwa bunduki. Walinzi wa ngome husema Kijerumani. Wakimwona mchezaji hupiga kelele “Achtung!”, na wale wa kikosi cha SS hutaja jina la kikosi chao, “Schutzstaffel!”. Mmoja akipigwa risasi hulia “Mein Leben!”, yaani “Maisha yangu!”. Mwishoni mwa sehemu ya kwanza hutokea jitu moja liitwalo Hans Grosse, lenye bunduki kubwa mbili. Huyu humsalimu mchezaji kwa “Guten Tag!”, na anapoanguka hutamka neno moja: “Mutti!”.

Roman Jakobson, katika mhadhara wake maarufu uliochapishwa mwaka 1960, alizigawa dhima za lugha katika sita. Ukizipitia zote, utaona kwamba maneno ya walinzi hawa hayana hata moja iliyo kamili, kwa kuwa hakuna anayeambiwa kitu. Kwa mchezaji asiyejua Kijerumani, kelele ya mlinzi ni dalili tu, kama moshi ulivyo dalili ya moto. Humjulisha kwamba adui yupo, yupo upande gani, na yu karibu kiasi gani. Kelele ya kufa nayo humjulisha kwamba sasa anaweza kuendelea mbele. Mtunzi wa mchezo amelichukua neno la lugha ya watu, akaliondolea ujumbe, akabakiza mwelekeo wake. Hivyo ndivyo tulivyolisikia sisi wanafunzi, na mchezo ulitaka tulisikie hivyo.

Lakini baadaye masomo ya uzamivu yalinipeleka Ujerumani kwa miaka kadhaa, na lugha ile ikaacha kuwa kelele. Kwa hiyo jitu lile lilipoanguka dukani Michenga, nililielewa. “Mutti” si neno la kijeshi, bali ni neno la mtoto. Mmoja wa vijana aliniuliza, “Babu, kasema nini huyu?” Nikamjibu, “Kamwita mama yake.” Wengine walicheka. Yule aliyekuwa anacheza hakucheka. Aliitoa mikono kwenye kibodi kwa muda, akasema, “Kumbe na yeye anaye.” Katika miaka yote ya kufundisha tofauti kati ya dalili na ujumbe sijawahi kupata mfano uliokuwa wazi kuliko huo. Sauti ilikuwa ileile. Kilichoongezeka ni maana, na maana ilitosha kuusimamisha mkono.

Aidha, Kijerumani si lugha ngeni kabisa katika bonde la Kilombero. Kila mtoto wa Michenga aendaye “shule”, na kila mama aombaye “hela” ya unga, hutumia maneno yaliyotoka katika lugha hiyo bila ya kujua. Mengine yaliyoachwa na Wajerumani hayakuingia katika kamusi. Kuhusu hayo nitasema katika sehemu inayofuata.

4. Adui Asiye na Lugha

Mwezi Desemba mwaka 1993 kampuni ileile ilitoa mchezo mwingine ulioitwa Doom. Ndani yake adui ni mashetani na maiti zilizofufuka. Viumbe hawa hunguruma, hukoroma na hulia, lakini hawana hata neno moja. Kwa mtazamo wa mtunzi, hili ni suluhisho kamili, kwani asiye na lugha hawezi kumwita mama yake. Mwaka 1997 kampuni iliuachia umma msimbo wa programu ya mchezo huo, na tangu hapo mafundi wa nchi mbalimbali wameuwezesha kuchezwa katika mashine za kila namna. Hii ndiyo sababu mojawapo ya mchezo huu wa zamani kuwa hai hadi leo, hata katika kompyuta ya duka la Michenga.

Doom una siri ambayo wachezaji wengi huijua. Mchezaji akibonyeza herufi tano, IDDQD, risasi na moto wa mashetani havimdhuru tena. Vijana wa Michenga walikuwa wanaijua siri hiyo, nao waliiita “dawa”. “Mtie dawa,” walimwambia mwenzao alipozidiwa. Hakuna aliyewafundisha kulitumia neno hilo hivyo. Walilichukua mahali lilipokuwa tayari.

Msomaji anayeijua historia ya sehemu hizi atakuwa amekwisha kuona ninakoelekea. Tarehe 30 Agosti mwaka 1905, katika Vita vya Maji Maji, wapiganaji maelfu, wakiwamo Wapogoro na Wambunga, waliishambulia boma ya Wajerumani huko Mahenge, ng'ambo ya mto Kilombero. Walikuwa wamepewa dawa, maji yaliyoaminiwa kuwa yatazigeuza risasi ziwe maji. Ndani ya boma zilikuwamo bunduki za mtombo. Waliouawa siku hiyo walikuwa mamia. Wanafunzi na walimu wa historia wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam walikusanya masimulizi ya wazee juu ya vita hivyo mwaka 1968, wakati ambapo baadhi ya walioviona walikuwa bado hai, na masimulizi hayo ni hazina hadi leo.

Sitaki msomaji anielewe vibaya. Silinganishi damu ya watu na mchezo wa jioni. Ninachosema ni cha kisemantiki. Neno “dawa”, lenye maana ya kinga dhidi ya risasi, halikufa Mahenge. Limebaki katika kinywa cha vijana ambao wengi wao hawajasoma zaidi ya ukurasa mmoja kuhusu mwaka 1905, nao wamelitoa bila ya kufikiri mara tu walipokutana na risasi za kuchora. Hiyo ni kazi ambayo lugha huifanya kimyakimya, kuhifadhi kile ambacho watumiaji wake wamekwisha kusahau kwamba wanakikumbuka.

5. Adui Asemaye Kiswahili

Mchezo wa tatu ni wa baadaye kidogo, ingawa kwa vijana wa leo nao ni wa kale. Kampuni ya Capcom ya Japani ilitoa Resident Evil 5 mwaka 2009. Shujaa ni Mmarekani, Chris Redfield, anayefika katika mji wa kubuniwa uitwao Kijuju, ambao mchezo wenyewe unauweka Afrika Magharibi. Wakazi wa mji huo wameambukizwa vijidudu vinavyowageuza kuwa wauaji, nao huitwa Majini. Mchezaji huwapiga risasi kwa makundi. Kionjo cha mchezo kilipoonyeshwa mwaka 2007, yaani kabla haujatolewa, kilizusha ubishi mkubwa huko Marekani na kwingineko, kwa sababu kilimwonyesha mzungu mmoja akiwafyatulia risasi Waafrika wengi. Ubishi huo ulihusu zaidi rangi. Ama kuhusu lugha, yalisemwa machache, nami naona hapo ndipo mwanaisimu wa Kiswahili anapaswa kusimama.

Majini hao husema Kiswahili. Mji umewekwa magharibi mwa bara, lakini lugha imechukuliwa mashariki, kana kwamba Afrika ni chumba kimoja na kila sauti iliyomo yaweza kutoka kona yoyote. Mwenzake shujaa ni mwanamke wa Kiafrika, Sheva Alomar, na huyu husema Kiingereza. Kwa hiyo mgawanyo wa lugha ni huu: Mwafrika wa kueleweka husema Kiingereza, na Mwafrika wa kupigwa risasi husema Kiswahili. Sidhani kama watunzi walikaa wakalipanga jambo hilo kwa nia mbaya. Walitaka sauti ambayo mnunuzi wao mkuu hataielewa, ili imtie hofu bila ya kumwambia kitu. Kiswahili kimefanywa kama Kijerumani kilivyofanywa mwaka 1992.

Lipo pia suala la neno lenyewe. Katika mchezo, “Majini” limeelezwa kuwa ni neno la Kiswahili la roho mbaya. Kwa mjuzi wa lugha maelezo hayo ni finyu. Jini, neno tulilolipata katika Kiarabu, si lazima awe mbaya. Katika imani za watu wa pwani wapo majini wema na wabaya, waumini na makafiri, na wapo wanaoishi na watu kwa miadi. Zaidi ya hayo, neno hili lina pacha. Ukilichukua neno “maji” ukaliongezea kiambishi cha mahali -ni, unapata “majini”, na ni upatanisho wa kisarufi tu unaowatenganisha mapacha hao: “majini wanakuja”, lakini “majini kuna mamba”. Vijana walipokuwa wanapiga kelele “Majini! Majini!”, mama yangu, mtu wa zaidi ya miaka themanini aliyekuwa amekaa barazani, aliuliza kwa hofu, “Majini kaingia nani?” Katika bonde linalofurika kila masika, ambako kabla ya Daraja la Magufuli kufunguliwa mwaka 2018 mto ulivukwa kwa kivuko, maana ya kwanza ya neno hilo ni mto, si mashetani. Swali la mama lilikuwa sahihi kisarufi na sahihi kijiografia. Aliyekosa jiografia ni mtunzi.

Vijana wenyewe waliyapokeaje? Mwanzoni waliangua kicheko, kwa furaha ya kusikia lugha yao ikitoka katika kompyuta. Kisha waliikosoa lafudhi, kama Waswahili wanavyofanya popote wanapokutana na mgeni anayejaribu. Baada ya muda kicheko kilipungua. Kijana mmoja wa kidato cha tatu alisema, “Sasa mbona sisi ndio adui?” Hakuna aliyemjibu, na mchezo uliendelea. Mchezaji asiyejua Kiswahili hawezi kuliuliza swali hilo, kwani kwake sauti ile ni moshi tu. Sisi peke yetu, wasemaji wa lugha hii, ndio tunaolazimika kumwelewa tunayemlenga.

Hata hivyo, uadilifu wa kitaaluma unanidai niseme na upande wa pili. Kiswahili hakijakuwa siku zote lugha ya wanaopigwa. Askari wengi waliokuwa katika jeshi la Wajerumani mwaka 1905 walikuwa Waafrika, na lugha iliyowaunganisha ilikuwa Kiswahili. Waliokuwa nje ya boma ya Mahenge nao walisema lugha zao pamoja na Kiswahili. Lugha yetu imekwisha kukaa pande zote mbili za mtutu. Kwa hiyo simlaumu mtunzi kwa kumpa adui Kiswahili, kwani hakuna lugha isiyokuwa na waovu wake. Ninachokilalamikia ni kwamba adui amepewa kelele za Kiswahili na kunyimwa usemi. Hata “Mutti” moja hakuachiwa.

Ni kweli pia kwamba jambo hili halikomei kwenye michezo ya bunduki. Mwaka 2005 mtunzi wa muziki Mmarekani, Christopher Tin, aliutungia mchezo wa Civilization IV wimbo uitwao “Baba Yetu”, ambao maneno yake ni ya Sala ya Bwana kwa Kiswahili. Mwaka 2011 wimbo huo ulipata tuzo ya Grammy, ukawa wa kwanza kutoka katika mchezo wa kompyuta kuipata. Tulifurahi, na tulikuwa na haki ya kufurahi. Lakini wasikilizaji wake wengi hawaelewi kinachosemwa. Katika sala na katika kelele za Majini, Kiswahili kimechaguliwa zaidi kwa ajili ya mvumo wake.

6. Lugha ya Waliokaa Mbele ya Kioo

Wakati Kiswahili kilichomo ndani ya kompyuta kikiwa maskini kiasi hicho, Kiswahili kilichokuwa mbele yake pale dukani kilikuwa tajiri. Nitataja mambo matatu tu.

Kwanza, kitenzi “kufa”. Katika maisha ya kawaida, sentensi “nimekufa” haiwezi kuwa kweli kinywani mwa msemaji wake, isipokuwa kwa tamathali, kama anaposema amekufa njaa. Katika mchezo ni sentensi ya taarifa, husemwa kwa utulivu, na hufuatiwa na nyingine: “nimebakiza roho mbili”. Nomino “roho” nayo imepata mabadiliko. Mtu mmoja alikuwa na roho moja, na wingi wake ulihitaji watu wengi. Mchezaji ana roho tatu, huzipoteza na kuzipata, na upatanisho wa ngeli unafuata bila ya kusita: roho zangu zimeisha.

Pili, majina ya wahusika. Shujaa ni “staringi”, neno lililotoka katika filamu, na kinyume chake ni “adui”. Jitu la mwishoni huitwa “bosi”, na vijana hawakosi kulitumia kwa kejeli. Yule anayefanya kazi ya kulipwa kwa siku alilimaliza kila jitu kwa ukelele wa “Bosi kafa!” ambao ulikuwa na furaha kuliko mchezo ulivyostahili. Neno “zombi” limepokewa kwa wingi wa ma-, “mazombi”, lakini kwa upatanisho wa viumbe hai: mazombi wanakuja. Maiti imerudishiwa uhai na sarufi.

Tatu, na hili kwangu ndilo kubwa, vijana walimsemea adui. Mmoja wao, wakati mwenzake akicheza, aliwatilia maneno walinzi wa ngome na hata mashetani wa Doom: wanalalamika mshahara haujatoka, wanaulizana zamu ni ya nani, wanamwomba staringi asubiri wamalize kula. Ustadi huo una asili yake. Katika vibanda vya video vya Tanzania, filamu za kigeni zimekuwa zikisimuliwa kwa Kiswahili na watafsiri wenye vipaji, ambao humpa kila mhusika, mwema na mwovu, methali, matani na sababu zake za kutenda. Hadhira ya kibandani haikubali mhusika bubu. Vijana wa Michenga wameuhamishia ustadi huo kwenye michezo, na kwa kufanya hivyo wamemrudishia adui kile mtunzi alichomnyima.

7. Hitimisho

Mwaka 2004 mradi wa Kilinux, ulioshirikisha Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, ulitoa programu za ofisi za Jambo OpenOffice kwa Kiswahili, na ukathibitisha kwamba lugha hii inaweza kuandika barua na kukokotoa hesabu ndani ya kompyuta. Mwaka 2021 UNESCO iliitenga tarehe 7 Julai kuwa siku ya Kiswahili duniani. Hayo ni mafanikio ya kweli. Lakini hadhi ya lugha haipimwi kwa barua na maadhimisho peke yake. Hupimwa pia mahali pa mchezo, kwa kuuliza ni nani anayeruhusiwa kueleweka humo.

Wenzangu katika taaluma, hasa wanafunzi wa uzamili wanaotafuta mada, wana kazi mbili mbele yao. Ya kwanza ni kukusanya msamiati na usimulizi wa wachezaji kabla haujapotea, kwa uangalifu uleule tunaoutumia kukusanya vitendawili na ngano. Ya pili ni kuingia katika utunzi wenyewe, maana sauti za michezo ijayo zinatengenezwa sasa, na zitatengenezwa na yeyote aliyepo. Anayeijua lugha hatamtuma mtu aseme Kiswahili ili asieleweke. Atampa adui jina, ukoo na mama wa kumwita. Huenda mchezo ukawa mgumu zaidi kuucheza. Nadhani vijana wa Michenga watauweza.